Vitabu vya mti wa pome: ukurasa wa kisu uko wapi?

Ndugu washiriki wa koperative, mama na baba wenye watoto ku masomo, safari hii siandiki juu ya bei ya maharagi. Naandika juu ya vitabu vya picha vya watoto, na mtaona kwamba tuko bado shambani.

Vile vitabu vinavyofika mu makartoni kutoka Ulaya, vya kuonyesha namna mti unavyokomea, karibu vyote vinachagua mti wa pome. Ukifungua kimoja umefungua vyote. Mbegu, mvua, jua, kamti kadogo. Halafu theluji inaanguka, mti unabaki bila majani, baridi inapita, maua meupe yanatoka, nyuki anakuja, na mwishoni mtoto mwenye kikapu anachuma pome nyekundu. Ni vizuri kwa macho. Mwalimu wa Lac Vert anavitumia kwa sababu moja rahisi: njo vile viko.

Wengine wanasema tuvitupe, pome si tunda la kwetu. Mimi sikubali haraka hivyo. Pome tunaijua, mama wanaipanga kwenye sinia sokoni, mtoto anajua jina na bei. Na mti wenyewe unaweza kukaa Afrika yetu. Kabale, pale Uganda, wakulima wa milimani wamepanda aina inayoitwa Anna, na pembeni yake Golden Dorsett ili maua yashike. Anna ilizalishwa Israeli kwa ajili ya nchi zisizo na baridi nyingi. Pome nyingi za Ulaya zinataka mamia ya saa za baridi, chini ya digrii 7 hivi. Bila hizo machipukizi hayaamuki vizuri. Sisi Goma tuko kwenye mita 1.500 hivi, kando ya ziwa, baridi ya namna hiyo haiko. Kule Batu, kisiwani Java, Indonesia, ambako theluji haianguki, wakulima wanang'oa majani yote kwa mikono baada ya mavuno, na mti unafikiri baridi imepita, unatoa maua tena. Hiyo picha ya watu wanaodanganya mti, mimi naipenda kuliko theluji yote ya vile vitabu.

Na hapo njo shida yangu na vitabu hivi. Hakuna mkono wa mtu ndani yake, isipokuwa ule wa kuchuma. Mbegu inajiotea, mti unajikomea, pome inakuja. Si kweli, hata Ulaya. Mbegu ya pome haitoi pome ile ile uliyokula. Panda mbegu ya pome tamu, mti utakaotoka ni mwingine, na mara nyingi matunda yake ni madogo na makali. Mashamba ya pome za kuuza, ya Ufaransa au ya Kabale, yametoka kwa kisu: mtu alikata kijiti kwenye mti mzuri, akakibebesha juu ya shina la mti mwingine, akafunga, akangoja. Njo ile agronomi anaita grefe. Mtoto wa Ubelgiji naye anadanganywa na kitabu hicho, lakini yeye atanunua pome dukani na uongo hautamgharimu kitu. Mtoto wa kwetu atapanda.

Sasa weka avoka mahali pa pome. Ni jambo lile lile, tena linatuuma zaidi. Mbegu ya avoka nzuri haikupi avoka ile. Mche wa mbegu unaweza kukungojesha miaka 6, 7, hata zaidi, halafu unatoa tunda la nyuzinyuzi ambalo mnunuzi hataki. Mche wa grefe unaanza kuzaa kwa miaka 3 au 4, na unajua utazaa nini. Avoka ya Hass, ambayo wanunuzi wa kupeleka nje wanaitafuta, ilitoka kwenye mti mmoja tu, uliootoka mbegu aliyoipanda Rudolph Hass huko California, Marekani, mwaka 1926. Miti yote ya Hass duniani ni vijiti vya mti ule, kisu baada ya kisu. Mti mama ulikatwa 2002, mwaka ule ule lava ya Nyiragongo ilipita katikati ya mji wetu. Watoto wangesikiliza hadithi hiyo wakiwa mdomo wazi.

Na mama zao wangefaidika. Maana tunajua inavyokwenda: muuzaji anakuletea miche, anaapa kwamba yote ni ya grefe, unalipa bei ya grefe. Ukweli unauona miaka mingi baadaye. Lakini grefe inaacha kovu. Karibu na chini ya shina kuna mahali pamepinda kidogo au pamevimba, na ngozi ya juu hailingani na ya chini. Mtoto wa miaka 8 aliyeona kovu hilo kwenye picha atalitafuta kwa kidole pale sokoni, mbele ya muuzaji, bila haya.

Lac Vert kuna sababu nyingine ya kuharakisha. Zamani mtoto hakuhitaji kitabu kwa mambo haya. Alimfuata baba au bibi shambani Masisi, akashika jembe, akaonyeshwa. Tangu 2022 familia nyingi zilikimbia vita, zikakaa kwenye mahema ya Lac Vert, Bulengo na Mugunga, juu ya mawe ya lava. Mwanzoni mwa 2025 kambi zikavunjwa, watu wakatawanyika, wengine wakarudi kwenye mashamba yaliyoshikwa na majani. Hesabu mwenyewe: mtoto aliyekimbia akiwa na miaka 4 amefika umri wa kusoma bila kumwona mzazi wake akipanda hata mti mmoja. Kwa huyo, karatasi njo shamba la kwanza. Na karatasi tunayompa inamwambia tia mbegu, ngoja theluji.

Nasikia tayari mtu anauliza: mutoto hali kitabu, pesa itatoka wapi? Swali ni la haki. Sidai kitabu cha rangi cha kuchapishwa Nairobi. Nadai kurasa 12, michoro ya wino mweusi, fotokopi, kushonwa kwa uzi. Tena sheria ya elimu ya 2014 inaruhusu lugha zetu za taifa kufundishia, na Kiswahili ni moja ya zile nne, basi mwalimu anayesomesha kadogo kwa Kiswahili hajavunja kitu. Mradi wa African Storybook, ulioanzishwa na shirika la Saide la Afrika Kusini, unaweka hadithi za watoto bure kwenye intaneti, za Kiswahili pia, na unaruhusu kuzichapa na kuzibadilisha. Njia iko.

Kurasa zenyewe nazionaje? Kwanza lava, kwa sababu hapo njo tunaanza: shimo lililovunjwa kwa nyundo na udongo uliobebwa kwa ndoo. Kisha mbegu kwenye sashe nyeusi. Kisha kisu, na ukurasa huu uwe mkubwa, kurasa mbili zilizo wazi: shina lenye unene wa kalamu linakatwa, linapasuliwa, kijiti kinachongwa kama kabari, kinaingizwa, kinafungwa kwa utepe wa plastiki. Kisha ua, maana ua la avoka ni la ajabu, linafunguka mara mbili: mara ya kwanza ni jike, linajifunga, kesho yake linafunguka dume. La Hass ni jike asubuhi, la Fuerte ni jike mchana, na nyuki anabeba kati yao. Kisha tunda gumu lililochumwa, kwa sababu avoka haiivi mtini, inaivia nyumbani. Kile kitabu cha pome kibaki pembeni, mwalimu avifungue vyote viwili, na watoto watafute wenyewe ukurasa uliokosekana.

Septemba masomo yanafunguliwa na mvua ya msimu A inaanza, kwa hiyo michoro iwe tayari Agosti. Koperative yenye mtu anayejua kuchora, hata kama ni kijana wa kuandika vibao vya maduka, imwambie animateri wake kabla ya mkutano ujao. Na koperative zenye kitalu cha miche, tafadhali, leteni siku hiyo miche miwili kwenye sashe, mmoja wa grefe na mmoja wa mbegu, mchoraji aone kovu lenyewe kabla ya kulichora.