Ghorofa Zisitunyime Ua

Leo twataka kusema neno juu ya jambo ambalo wasomaji wetu wengine huenda wakaliona dogo, likilinganishwa na bei ya unga na shida ya usafiri. Jambo lenyewe ni bustani ya nyumbani. Hatusemi bustani ya wakubwa yenye majani ya kukatwa kwa mashine na mtu wa kuajiriwa kuyamwagilia. Twasema bustani ya uani: mrihani katika kopo, mpapai kando ya ukuta, mchicha karibu na mahali pa kuoshea vyombo. Sisi twaona kuwa jambo hili si dogo hata kidogo. Likiachwa liendelee kama liendavyo sasa katika Kariakoo na mitaa iliyo jirani yake, watoto wetu watarithi mji wenye maduka mengi lakini usio na mahali pa kuotesha hata mche wa pilipili.

Mji wetu wenyewe hutukumbusha kwa majina yake. Kariakoo kuna Mtaa wa Mkunguni na Mtaa wa Mchikichi. Ukivuka kidogo wafika Mnazi Mmoja; ukielekea Ilala wakuta Mchikichini. Wazee waliotuachia majina hayo hawakuyatoa katika vitabu. Waliutazama mti, wakaketi kivulini mwake, wakaelekezana njia kwa huo, na mwisho mahali pakaitwa kwa jina la mti. Leo kijana aweza kuuza nguo Mkunguni kwa miaka kumi asijiulize mkungu ni mti gani. Jina limebaki, mti umesahauliwa.

Tena wasitokee watu wa kutuambia kwamba bustani ni jambo la kigeni tulilofundishwa na wakoloni. Ibn Battuta alipopita pwani yetu mwaka 1331 aliitaja migomba na milimau ya Mombasa. Wareno walipoishambulia Kilwa mwaka 1505, mtu mmoja aliyekuwa katika msafara huo aliandika aliyoyaona kisiwani: michungwa, milimau, vitunguu na mrihani, vyote katika bustani zilizomwagiliwa maji ya visima. Zimepita zaidi ya karne tano tangu siku hiyo. Mama wa Kariakoo anayemwagilia mrihani wake kwa kata asubuhi aendeleza kazi ya mama wa Kilwa, ingawa hakuna aliyemwambia hivyo.

Mji wa Dar es Salaam nao ulianza kati ya mashamba na minazi. Seyyid Majid wa Unguja alipoanza kuujenga katika miaka ya 1860, jirani yake palikuwa kijiji cha Mzizima. Wajerumani waliufanya makao makuu yao mwaka 1891, na mwaka 1893 wakaanzisha bustani ya miti, nayo kazi yake ya kwanza ilikuwa kujaribia mazao ya biashara. Bustani hiyo ingalipo karibu na Makumbusho ya Taifa, ingawa eneo lake limepunguzwa sana. Baadaye Waingereza waliuteka mji mwaka 1916, na kikosi cha wapagazi wao kikakaa mahali palipokuwa pameandaliwa kuwa mji wa Waafrika. Kikosi kile kiliitwa Carrier Corps. Watu wakalitamka jina hilo kwa ulimi wao, na Kariakoo ikazaliwa.

Mji huo wa wakoloni uligawanywa kwa rangi za watu, nao mgawanyo wa rangi ulikuwa pia mgawanyo wa ardhi. Uzunguni nyumba ilisimama katikati ya bustani pana. Kariakoo viwanja vilikuwa vidogo, vimepangwa mistari kama madaftari dukani, na uwanja wa Mnazi Mmoja ukawekwa wazi katikati ili watu wasikaribiane. Lakini watu wetu hawakukubali kuishi bila mmea. Walinyimwa bustani mbele ya nyumba, wakaitia nyuma ya nyumba.

Hapo ndipo twapaswa kuusifu ufundi wa nyumba ya Kiswahili. Mbele kuna baraza, mahali pa wageni na mazungumzo. Ndani kuna ukumbi mrefu, na vyumba vitatu kila upande. Nyuma kuna ua, wenye jiko, choo na bafu, na katikati yake sehemu iliyo wazi kwa mvua na jua. Hakuna kitu kilichowekwa ovyo katika ua huo. Mgomba hupandwa pale maji ya kuoshea vyombo yanapomwagwa, kwa sababu mgomba hupenda maji. Mwarobaini huwekwa upande wa jua la mchana ili kivuli chake kiangukie mahali pa kupikia. Mpapai hauhitaji nafasi kubwa, kwa hiyo hukaa pembeni. Mchaichai huotesha kichaka chake karibu na mlango wa jiko, ambapo mkono unaufikia chai ikiwa motoni. Matembele hutambaa popote yakipewa kipande cha shina na maji kidogo. Mchicha huwa tayari kuchumwa baada ya wiki tatu au nne, na kwa mwenye kipato cha siku kwa siku, hiyo ni akiba isiyohitaji benki.

Wala tusiseme juu ya tumbo tu, kana kwamba mtu maskini hana pua wala macho. Asmini hufungua maua yake jioni, wakati ambapo watu wamerudi kazini na joto limepungua. Mama zetu huyachuma, wakayaunga na mrihani wakafanya vikuba, na nyumba nzima ikajua kwamba kuna harusi. Ipo raha ambayo hainunuliwi dukani: raha ya kuketi juu ya mkeka uani, baada ya sala ya magharibi, harufu ya asmini ikishuka na redio ikisema taratibu. Wanaoijua hawahitaji kuelezwa. Wasioijua ndio tunaowahurumia.

Lakini nini kinachotokea sasa? Tangu miaka ya 1990 nyumba hizo zimekuwa zikivunjwa moja baada ya moja, na mahali pake pakasimama majengo ya ghorofa sita, nane au kumi. Kiwanja chote hujazwa saruji, tangu mpaka wa jirani huyu hadi mpaka wa jirani yule. Chini ni duka, juu yake ni ghala, juu yake tena ni vyumba vya kupanga. Uani hakuna, kwa kuwa nyuma hakuna.

Sisi hatupingi ghorofa. Ardhi ya katikati ya mji ni haba, watu ni wengi, na biashara ya Kariakoo hulisha nyumba nyingi, za hapa na za nchi jirani. Mwenye kiwanja naye ana haki ya kufaidi mali yake. Tunachokipinga ni fikira kwamba maendeleo maana yake ni kuziba kila shimo la udongo kwa saruji. Ghorofa ni ya lazima. Kutokuwa na ua si lazima.

Hasara yake twaiona kwa macho. Saruji hunywa jua mchana kutwa, kisha hulitoa usiku, watu wakalala wakijipepea. Mvua ya masika ikinyesha, maji hayapati udongo wa kuyapokea. Hukimbilia mtaani, yakabeba takataka, yakateremka kuelekea Jangwani na Mto Msimbazi. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu na kuwahamisha wengine hadi Mabwepande. Hatusemi kwamba bustani za uani zingeyazuia mafuriko yale. Twasema kwamba kila kipande cha udongo tunachokifunika chaongeza mzigo wa wale wanaoishi bondeni, nao aghalabu ndio wenye uwezo mdogo kuliko sisi sote.

Iko na hasara nyingine isiyopimwa kwa kipimo cha mvua. Uani ndipo majirani walipojuana. Mtu alipiga hodi kuomba jani la mwarobaini, akaondoka na habari za mgonjwa, na kesho yake mgonjwa akapata wageni. Katika ghorofa watu hupishana ngazini miaka mitatu bila kujuana majina.

Watakuwapo watakaotujibu kwamba mimea mjini huleta mbu. Hoja hii si ya kupuuzwa, maana mji wetu ulipata homa ya dengi mwaka 2014 na tena mwaka 2019, na mbu wake huzaliana katika maji safi yaliyotuama. Lakini kosa ni la maji yaliyoachwa yatuame, kama vile katika kisahani chini ya kopo, katika tairi kuukuu au katika pipa lisilofunikwa. Kopo litobolewe chini, kisahani kimwagwe, pipa lifunikwe. Mtu hachomi nyumba kwa sababu ya kunguni.

Serikali yetu yenyewe haijapata kuuona upanzi wa mjini kuwa uhalifu daima. Katika upungufu wa chakula wa miaka ya 1974 na 1975, wito wa Kilimo cha Kufa na Kupona uliwafikia watu wa mjini pia. Mwaka 1992 zilitungwa kanuni za kilimo cha mijini, zilizoweka kikomo cha ekari tatu kwa mtu mmoja. Mtu wa Kariakoo akizisoma hucheka, kwa sababu yeye hana hata hatua tatu. Basi kanuni za mwenye ekari zipo. Kinachotakiwa sasa ni mpango wa mwenye hatua tatu.

Na mpango huo hauhitaji uchawi. Baada ya vurugu za uchaguzi za mwanzo wa mwaka 2008 huko Kenya, watu wa Kibera, Nairobi, walisaidiwa kupanda sukuma wiki katika magunia. Gunia hujazwa udongo na mbolea, katikati yake hupangwa nguzo ya mawe ili maji yashuke hadi chini, na ubavuni hutobolewa matundu ya kupandikizia miche. Gunia moja huchukua nafasi ya kigoda kimoja, nalo hubeba miche mingi. Mbali zaidi, huko Singapore, nchi ndogo iliyojaa majengo marefu, mwaka 2009 serikali ilianzisha mpango wa kuwataka wajenzi warudishe juu ya jengo, katika paa na vibaraza, kijani walichokiondoa chini. Kibera ni ya watu wa kipato kidogo, Singapore ni ya matajiri. Kumbe jambo hili halizuiwi na umaskini wala na utajiri. Huzuiwa na kutotaka.

Lakini twatoa onyo. Tarehe 16 Novemba 2024 jengo liliporomoka hapa hapa Kariakoo, na wenzetu wengi wakapoteza maisha. Kwa hiyo asipande mtu juu ya paa na mzigo wa udongo kwa furaha tu. Udongo uliolowa, ukiwa na kina cha sentimita kumi, huweza kufikia kilo 150 hadi 200 kwa kila mita moja ya mraba. Bustani ya paa lazima ianzie katika karatasi za mhandisi. Katika majengo yaliyopo, makopo machache na yawekwe kandokando ya kuta imara, baada ya kuuliza wanaojua.

Maji nayo yapo tukiyataka. Milimita moja ya mvua ikianguka juu ya mita moja ya mraba hutoa lita moja. Paa la mita 100 za mraba, katika mvua ya milimita kumi, hupokea lita 1,000, yaani madebe 50 ya lita 20. Maji hayo leo twayaacha yaende Jangwani kusumbua watu, kisha kesho yake twanunua maji ya kumwagilia.

Basi twasema haya. Kwa wakuu wa Jiji: kibali cha kujenga ghorofa kisitolewe mpaka ramani ioneshe mahali pa udongo na mmea, chini au juu, pamoja na tangi la kupokea maji ya paa. Maganda na majani yanayotupwa kila siku sokoni Kariakoo yasisafirishwe yote hadi dampo la Pugu. Yafanywe mboji, wananchi wauziwe kwa bei nafuu. Kwa wenye majengo: fungueni milango ya mapaa yenu, wapangaji wapate mahali pa kuanika nguo na kupanda mchicha. Mpangaji haoteshi mnazi kwa kuwa hajui kesho atakuwa wapi, lakini kopo lake huhama naye.

Na kwako wewe msomaji, mzee au kijana, tafuta kopo mbili leo. Usitumie la rangi wala la dawa ya wadudu, kwa ajili ya afya ya wanao. Zitoboe chini, tia udongo na mboji. Moja lipande mchicha, ili ule. La pili lipande mrihani, kama walivyopanda watu wa Kilwa, ili nyumba inukie. Wazee wetu walipewa viwanja vidogo na wakoloni, wakaupata ua ndani yake. Sisi tulio huru, wenye wahandisi wetu na Jiji letu wenyewe, itakuwa aibu iliyoje tukishindwa kuupata!