Mkono wa Mwiko

Jumapili iliyopita, katika ukumbi mmoja wa jamii mtaani Jericho, Nairobi, vijana walipokwisha kutuonyesha filamu yao fupi, ambayo ndani yake mke anapika, mume anarejea jioni bila ya kunena neno, na mtoto anawatazama wote wawili, aliinuka bwana mmoja anayejigamba kwa elimu ya sanaa, akahukumu kwamba hapa hakuna stori. Neno lile lilinichoma, kwa kuwa si lake peke yake: ni itikadi iliyoenea kuwa maisha ya ndani ya nyumba hayana kisa, na hususan kuwa mitaa yetu ya Eastlands haistahiki kamera mpaka aonekane jambazi na bastola.

Mimi nililelewa Makongeni, katika chumba kimoja kilichogawanywa kwa pazia. Siku baba alipoachishwa kazi hakutuambia. Ila mama, ambaye desturi yake ilikuwa kumpakulia tonge kubwa, usiku ule alimpakulia sawasawa na sisi watoto, naye baba akautazama ule mkono wa mwiko, akatambua kuwa siri yake imekwisha julikana. Majirani, waliozoea kusikia hata kikohozi chetu, hawakusikia kitu. Ikiwa hicho si kisa, basi kisa ni nini?

Ati watu hawatoi fedha zao kutazama sufuria ikichemka! Hoja dhaifu kama utando wa buibui, maana watu hao hao husimama uani saa nzima, ndoo mkononi, wakitegea masikio ugomvi wa mke na mume wasiowahusu. Lakini tumezoeshwa makelele, na matatu hizi za Barabara ya Jogoo, zenye muziki wa kupasua masikio ya wagonjwa na wachanga bila ya mtu kuzikemea, zimetufundisha kuwa kisichovuma hakipo.

Mwaka 1953 Yasujiro Ozu wa Japani alitoa Tokyo Story, habari ya wazee wawili wanaowazuru watoto wao mjini, wasipate nafasi kwao. Hapigwi mtu humo, na hadi leo ulimwengu unaitukuza. Mzazi aliyeshuka basi stendi ya Machakos, kuku mkononi, akaelekea kwa mwanawe mtaani Umoja, anaijua filamu hiyo kabla ya kuiona.

Vijana wale sasa wanakusudia kuongeza tukio la ujambazi. Nimewasihi wasithubutu, wamwache yule mke afunike sufuria yake, na kamera ingoje hapo hapo mpaka mume anawe mikono.