Kabla Umfanye Lefebvre Shujaa Wako

Wasee, kuna vijana wa rika letu wamependa misa ya Kilatini ghafla. Na vidio zenyewe ni kali: ubani, mishumaa, padri ameangalia altare, wimbo wa polepole. Ukishuka kwa komenti, jina moja halikosi: Marcel Lefebvre, askofu aliyemkatalia Papa. Sawa, lakini mjue vizuri kwanza, maana huyu mzee alifanya kazi miaka mingi hapa Afrika.

Alizaliwa Tourcoing, Ufaransa, 1905. Mwaka wa 1932 alienda Gabon kama mmisionari wa Shirika la Roho Mtakatifu, wale wale walioanzisha misheni ya St Austin's Nairobi mwaka wa 1899. Alifundisha seminari, akawa askofu Dakar, Senegal, 1947, na 1955 akawa askofu mkuu wa kwanza wa huko. Hapo tumpe haki yake: alilea mapadri Waafrika. Mmoja wao, Hyacinthe Thiandoum, alimpadrisha 1949. Lefebvre alipoondoka Dakar 1962, Thiandoum ndiye alirithi kiti.

Mwaka huo huo Mtaguso wa Pili wa Vatikano ukaanza, ukafungua mlango wa misa kwa lugha za watu. Ni kwa sababu hiyo shosho wako anaitikia misa kwa lugha yake na anaelewa kila neno. Lefebvre hakufurahia mageuzi hayo. Alipinga misa mpya, akapinga pia tamko la uhuru wa dini. 1970 akaanzisha Shirika la Mtakatifu Pius wa 10, na seminari Écône, Uswisi. 1976 alikatazwa kupadrisha, akapadrisha tu, akasimamishwa. Mei 1988 akatia sahihi makubaliano na Kardinali Ratzinger, kesho yake akageuka. Tarehe 30 Juni akawaweka wakfu maaskofu wanne bila ruhusa ya Papa, na Vatikani ikatangaza ametengwa na Kanisa. Alifariki 1991 mambo yakiwa hivyo.

Mimi sina shida na Kilatini. Kama kinakusaidia kusali, sali. Shida yangu ni huyu mtu aliyekuwa askofu mkuu, akisimamia mapadri waliomtii. Padri wa Dakar angemfanyia vile alivyomfanyia Papa, angekubali kweli?

Mimi niliacha chuo, kwa hivyo siwezi kumcheka mtu kwa kuondoka mahali. Lakini sijafungua darasa mtaani nikipeana digrii na kusema chuo halisi ni mimi. Kuondoka ni kitu kimoja. Kuondoka huku ukidai wewe ndiye uliyebaki, hiyo ni ngumu kumeza.

Najua mtaniambia Papa Benedikto aliwaondolea adhabu wale maaskofu wanne 2009. Ni kweli. Lakini pia alisema wazi kwamba shirika lao bado halina hadhi ya kisheria ndani ya Kanisa.

Sasa angalia 1976 tena. Mwaka ule Lefebvre alisimamishwa, Thiandoum alifanywa kardinali. Yeye alibaki Dakar na watu wake, akalichukua Kanisa alilopewa na kulipeleka mbele, bila kulipasua. Na ni wangapi kati yetu tumewahi kuona vidio yake hata moja?

Mkitafuta shujaa wa imani kutoka kwa hii hadithi, mimi nimechagua Mwafrika aliyebaki. Wewe je?