Ukimkuta mtu majini, mvute kwanza

Ndugu zangu wenye vyombo, kuanzia Lamu hadi Mtwara, nina ombi.

Mwaka 2016 Ali Zamir, kijana wa Nzwani huko Komoro, alitoa riwaya yake ya kwanza kwa Kifaransa, Anguille sous roche. Msimulizi ni binti wa mvuvi, umri miaka 17, na anasimulia huku anazama. Boti iliyokuwa ikimpeleka Mayotte, kisiwa kilicho chini ya Ufaransa, imeshapinduka. Kitabu kizima ni sentensi moja, maana anayetapatapa majini hana pa kutulia. Mwandishi mwenyewe alipotaka kwenda Ufaransa kukizindua, alinyimwa viza kwanza, mpaka watu wakapiga kelele.

Nzwani na Mayotte zimeachana kilomita 70 hivi, kama Dar es Salaam na Unguja. Zamani watu walivuka kwenda harusini, msibani na sokoni. Mwaka 1995 Ufaransa ikawawekea Wakomoro viza, na tangu hapo wengi huvuka kwa siri katika boti nyembamba ziitwazo kwasakwasa, wamebanana kupita kiasi. Ripoti ya Seneti ya Ufaransa ya mwaka 2012 ilikadiria waliokufa kuwa kati ya 7,000 na 10,000. Siku hizi wamo pia Wakongo, Warundi na Wasomali. Novemba 2024 Wasomali zaidi ya 20 walikufa maji karibu na Madagaska. Bahari hiyo ndiyo mnayoipita na mizigo ya Moroni.

Sheria iko wazi. Kifungu cha 98 cha Mkataba wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 kinataka nahodha amsaidie yeyote aliye hatarini, ilimradi asikitie chombo chake katika hatari kubwa. Pasipoti haikutajwa humo.

Basi wekeni maboya na kamba ndefu chomboni. Ukiona boti iliyojaa inayumba, usiikaribie kwa pupa: wote watakimbilia upande wako, nayo itapinduka. Simama mbali kidogo, waambie wakae chini, warushie maboya, ndipo uwavute mmoja mmoja, watoto wakitangulia. Mwenye redio aite chaneli 16, aseme yuko wapi na watu ni wangapi. Mombasa na Dar es Salaam kuna vituo vya kuratibu uokoaji.

Najua kinachowazuia baadhi yenu, na si roho mbaya. Mnaogopa kuitwa wasafirishaji haramu, boti izuiwe bandarini, samaki waoze kwenye barafu iliyoyeyuka. Hofu hiyo haiondoki kwa mawaidha. Viongozi wa vikundi vya usimamizi wa fukwe (BMU), iandikieni mamlaka ya bandari, mdai kwa maandishi kwamba aliyeokoa watu ataandikisha maelezo yake na kuachiwa siku hiyohiyo. Ingizeni hoja hiyo katika kikao kijacho, palepale mnapojadili bei ya mafuta, kabla kusi haijachacha.