Dawa za asili na za hospitali: Ukimya wa mgonjwa ni hatari

Mwezi Mei 2025, Mkutano Mkuu wa Afya Duniani ulipitisha Mkakati wa Kimataifa wa Tiba Asili wa mwaka 2025 hadi 2034, unaozihimiza nchi kuingiza tiba asili iliyothibitishwa katika mifumo yao ya afya. Tanzania ilianza safari hiyo mapema. Sheria ya Tiba Asili na Tiba Mbadala Na. 23 ya mwaka 2002 iliunda Baraza linalosajili waganga, vituo na dawa zao. Hata hivyo, kadiri huduma hizi mbili zinavyokaribiana, ndivyo swali moja linavyozidi kuwa zito: nini hutokea mgonjwa anapozitumia zote kwa wakati mmoja?

Jibu linaanzia kwenye ini. Kidonge kikishamezwa, vimeng'enya vilivyomo katika utumbo na ini hukivunjavunja ili mabaki yake yatolewe mwilini. Dozi anayoandika daktari imekadiriwa kwa kuzingatia kasi ya kazi hiyo. Baadhi ya kemikali za mimea huongeza kasi, dawa ikaisha katika damu kabla ya wakati. Nyingine huipunguza, dawa ikajilimbikiza hadi kuleta madhara. Katika hali zote mbili mgonjwa amemeza dozi sahihi, lakini mwili wake umepata dozi nyingine.

Ushahidi upo. Mwaka 2000, watafiti nchini Marekani walibaini kuwa mmea wa Ulaya uitwao kisayansi Hypericum perforatum ulipunguza kiwango cha indinavir, dawa ya kufubaza VVU, kwa asilimia 57. Miaka michache baadaye, vidonge vya kitunguu saumu vilionekana kupunguza kiwango cha sakwinavir kwa takriban nusu. Kwa upande wa pili, watafiti wa Kanada walionesha mwaka 1991 kuwa juisi ya balungi huongeza mara kadhaa kiwango cha felodipini, dawa ya shinikizo la damu.

Si kila mmea wenye athari hiyo. Utafiti uliofanyika Zimbabwe kwa watu wanaoishi na VVU haukuona badiliko kubwa la kiwango cha nevirapini walipotumia unga wa majani ya mlonge. Kwa hiyo hoja si kwamba tiba asili ni mbaya, bali kwamba kila mchanganyiko una majibu yake, na mengi bado hayajapimwa. Usajili wa dawa ya asili nao haumaanishi kwamba imepimwa pamoja na kila kidonge cha hospitali.

Mfano wa dawa ya kifua kikuu unaonesha kinachowezekana taarifa zinapokuwepo. Rifampisini huharakisha uvunjwaji wa dolutegravir, dawa kuu ya kufubaza VVU nchini tangu mwaka 2019. Kwa kuwa jambo hilo linafahamika, mgonjwa anayetumia zote mbili hupewa dolutegravir miligramu 50 mara mbili kwa siku badala ya mara moja. Mwingiliano uliojulikana hurekebishwa. Uliofichwa hauwezi kurekebishwa. Daktari asiyejua kwamba mgonjwa anakunywa mizizi iliyochemshwa anaweza kudhani kwamba mgonjwa ameacha dozi au kwamba virusi vimekuwa sugu, akabadilisha dawa bila sababu.

Wagonjwa wengi hunyamaza kwa kuhofia kukemewa. Hapo wajibu ni wa pande mbili: mtoa huduma aulize bila kumfedhehesha mgonjwa, na mganga naye aulize dawa za hospitali zinazotumika kabla ya kutoa zake.

Wanaopaswa kuwa waangalifu zaidi ni watumiaji wa dawa za VVU, kifua kikuu, kifafa, kisukari, shinikizo la damu na za kuzuia damu kuganda, pamoja na wajawazito na wenye maradhi ya ini au figo. Wananchi wanashauriwa kwenda kliniki na chupa, pakiti au jina la dawa ya asili wanayotumia, na kutoacha dawa walizoandikiwa bila ushauri wa daktari. Serikali inaweza kusajili dawa na waganga, lakini kilichomo kikombeni nyumbani anakijua mgonjwa mwenyewe.