Mshamba Katika Hadithi

Mshamba ni mtu wa shamba. Lakini mjini neno hilo ni tusi. Mshamba ni mtu asiyejua kuvaa, asiyejua kusema. Hadithi nyingi nazo zinamcheka. Anashuka kwenye basi na mzigo wake wa maharage, anapotea njia, anaibiwa. Hata sisi wa Kasulu na Kibondo tunacheka, na maharage yale ni yetu. Tena mzazi humwambia mtoto, "Usiposoma utabaki kulima." Kulima kumekuwa adhabu!

Kipo kitabu kisichomcheka mkulima. Kinaitwa Utubora Mkulima. Mtungaji ni Shaaban Robert, mtu wa Tanga, aliyezaliwa mwaka 1909 na kufa mwaka 1962. Kitabu kilitolewa mwaka 1968, yeye ameshakufa. Alikuwa karani wa serikali ya kikoloni, kwa hiyo alizijua ofisi. Utubora wake ana kisomo na kazi ya mshahara. Anaiacha kazi hiyo, anakwenda kulima. Wakati ule karani alivaa viatu na kukaa kitini. Mkulima alihesabiwa mtu wa chini. Mwandishi akamweka mkulima juu. Mimi bwana shamba nilikifurahia sana kitabu hicho.

Hata hivyo lipo la kuuliza. Utubora alichagua jembe. Angeweza kubaki na kalamu yake. Je, yule ambaye hakuchagua?

Wakati wa ukoloni wanaume wengi wa Buha walikwenda Tanga kukata mkonge. Huku nyumbani kodi ilidaiwa, na kazi ya fedha hapakuwa nayo. Walikwenda mbali, wakawaacha wake zao na mashamba. Huko waliitwa manamba, kwa sababu kila mtu alipewa namba. Neno hilo nalo likawa la dharau, kama mshamba. Na mashamba yale ya mkonge yalikuwa katika mkoa wa Shaaban Robert mwenyewe.

Ni rahisi kumheshimu mkulima aliyetoka ofisini. Kisomo chake kinamwombea heshima. Manamba hakuwa na cha kumwombea. Alikuwa na kisu cha kukatia mkonge na namba yake. Hadithi inayomheshimu huyo ndiyo ninayoitafuta.

Wazee waliokata mkonge siku zile wamebaki wachache. Kama yupo mmoja kijijini kwenu, mwombeni awasimulie. Alisafiri vipi? Alilala wapi? Alilipwa nini? Msimamizi alimwitaje? Andikeni anayosema, na jina lake kamili liwe juu ya ukurasa.