Bisibisi ya Umeme ya Bei Nafuu: Je, Yafaa Nyumbani?

Wiki hii tunaitazama bisibisi ya umeme ya waya, ile ya bei nafuu, ambayo wazazi wengi huiona dukani wakajiuliza: itatufaa, au itaishia uvunguni mwa kitanda?

Fadhila yake ya kwanza ni kutotegemea betri. Betri huchakaa hata chombo kisipotumika sana, na kununua nyingine mara nyingi hukaribia bei ya chombo kizima. Kwa nyumba inayokaza skrubu mara chache kwa mwaka, chombo cha waya hutolewa kabatini baada ya miezi sita kikafanya kazi papo hapo. Upungufu wake nao u wazi: umeme ukikatika, kazi husimama, na penye umbali na soketi hapana budi kuunganisha waya mrefu. Waya huo ukunjuliwe wote, kwani ukiachwa umeviringwa hupata joto.

Cha kuuliza dukani si wati nyingi, bali kasi na klachi. Drili ndogo nyingi huzunguka zaidi ya mara 2,500 kwa dakika. Kasi hiyo hutoboa vyema, lakini skrubu huliwa kichwa au huzama ndani ya mbao. Kinachofaa ni chombo ambacho kasi yake huongozwa kwa kidole, chenye pete ya namba inayoachia nguvu skrubu ikishakaza. Anza na namba ndogo, kisha upande. Soma pia kibandiko: umeme wetu ni wa volti 230, hivyo chombo cha volti 120 kilichotengenezwa kwa soko la Marekani huweza kuungua mara kichomekwapo.

Chombo hiki kina mipaka yake. Kwa mbao ngumu kama mninga, toboa kwanza tundu jembamba kuliko skrubu, la sivyo ubao utapasuka. Ukuta wa zege hauna haja ya bisibisi kwanza, bali drili ya kugonga na vishikizo vya plastiki. Tusidanganyane hapa: rafu ya vitabu iliyoshikwa kijuujuu juu ya kitanda cha mtoto ni hatari, si akiba. Kazi hiyo mpeni fundi.

Chomoa plagi kabla ya kubadili ncha, wala usikitumie chombo penye majimaji. Watoto wakae mbali hadi kirudi kabatini.

Rai yetu ni hii: mwenye makabati, vitanda vya kuunganisha na bawaba za kukaza, na soketi karibu, anunue bila wasiwasi, mradi kina klachi. Mwenye skrubu tatu kwa mwaka, bisibisi ya mkono yamtosha. Fedha iliyobaki ina kazi nyingine nyumbani.